Urahisi Ulio Ghali

Kazi yangu ni kuchora vipuri vya mashine, na nyumbani kwangu wamo vijana wawili wanaojifunza kazi hiyo hiyo. Kwa hiyo programu za kompyuta zinazouzwa vichochoroni kwa bei ya chai si jambo geni kwangu.

Rahisi ni ghali. Programu iliyovunjwa kufuli mara nyingi huja na sharti: uzime kwanza kinga ya virusi. Hebu fikiri, ni mgeni gani mwema atakayekutaka ufunge mbwa na kufungua milango yote kabla hajaingia? Na virusi huweza kulenga michoro yenyewe. Mwaka 2012 kampuni ya ESET ilifichua kirusi ACAD/Medre.A, kilichoiba maelfu ya michoro ya AutoCAD, hasa nchini Peru. Mchoro ukiibwa, jasho la fundi na siri ya mteja vimekwenda pamoja. Tena, Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 1999 ya Tanzania Bara huzilinda programu za kompyuta.

Utauliza: sisi wa kipato kidogo tufanyeje? Njia ipo. FreeCAD, iliyofikia toleo la 1.0 Novemba 2024, huchora kipuri kwa urefu, upana na kina. LibreCAD huchora ramani bapa. Zote ni za bure, hata kwa biashara.

Vijana wangu nimewawekea FreeCAD. Wanalalamika kuwa ni ngumu, na walalamike. Mchoro watakaoutoa watautia sahihi bila kutazama mlangoni.