Nyumba ya Kampuni Haikuwahi Kuwa Yetu

Leo hakuna video. Hii maneno ukiifinya kwa sekunde 60 inaharibika, kwa hivyo vumilieni msome.

Tangu niweke picha za vijiji vya wachuma chai, inboksi yangu imejaa swali moja: mtu akikaa kwa nyumba ya kampuni miaka ishirini, si inakuwa kama yake? Hapana. Hata mpangaji wa hiyo nyumba si yeye. Na hapo ndipo watu wetu wanaumizwa.

Niliacha chuo mwaka wa pili kwa sababu ya karo, na hata sikuwa nasomea sheria. Lakini Sheria ya Ardhi ya 2012 iko kwa simu, bure, na nimeisoma. Kuna kukodi, ile mawakili wanaita lisi. Hapo mwenye mali anakupa haki ya kuishika mali peke yako kwa muda fulani, na yeye mwenyewe hawezi kujiingilia tu vile anataka. Halafu kuna leseni, ambayo ni ruhusa tupu. Bila hiyo ruhusa ungekuwa mvamizi. Unaruhusiwa kulala, kupitisha ng'ombe, kuegesha boda, lakini ardhi yenyewe hujapewa hata kipande cha haki. Ruhusa ikiondolewa, umeisha. Mali ikiuzwa, mnunuzi hakujui. Aliyekodi vizuri na kuandikisha, mnunuzi anamkuta hapo na lazima amheshimu.

Mama yangu alichuma chai miaka 19 upande wa Kericho. Chumba tulikipaka rangi sisi wenyewe, nyuma tukapanda managu na sageti. Kazi ilipoisha, barua ilikuwa na aya mbili. Ya kwanza ilimaliza kazi, ya pili ikatupa siku 14 tuhame. Majirani walisema meneja ana roho mbaya. Labda anayo, lakini karatasi ya kuingia ile nyumba ilisema hivyo tangu siku ya kwanza: unakaa kwa sababu unafanya kazi. Kifungu cha 31 cha Sheria ya Ajira ya 2007 kinamtaka mwajiri akupe makao yanayofaa au pesa ya nyumba. Kwa hivyo ile nyumba ni sehemu ya malipo ya kazi, na malipo yakisimama inaenda nayo.

Sasa wewe mwenye kinyozi pale sokoni, uliyeniuliza kuhusu karatasi yako iliyoandikwa "leseni" juu kabisa. Usitishwe na kichwa cha karatasi. Kuna kesi ya Uingereza ya 1985, Street dhidi ya Mountford, ambayo mawakili wa Kenya pia huitaja sana. Mwenye nyumba aliandika leseni kila mahali, mpaka anayekaa akatia sahihi kwamba si mpangaji. Majaji wakaangalia mambo yenyewe: analipa kodi, kwa muda, anashika chumba peke yake? Basi huyo ni mpangaji. Jaji mmoja alitoa mfano ambao mkulima yeyote wa Bomet angeuelewa: ukitengeneza kifaa cha kulimia chenye meno matano, umetengeneza uma, hata ukiapa ni sepeto.

Kama funguo ni zako peke yako na unalipa kila mwezi, una hoja ya kusimama nayo. Na kwa biashara kuna Sheria ya Wapangaji, Sura ya 301. Mpangaji wa duka au mkahawa asiye na mkataba ulioandikwa, au mwenye mkataba usiozidi miaka mitano, anapewa notisi ya miezi miwili, na anaweza kuipinga mbele ya baraza la kodi. Mwenye leseni halisi hana mlango huo.

Lakini kesi hiyohiyo inamwacha mama nje. Majaji walisema mfanyakazi anayekaa kwa nyumba ya mwajiri ili aifanye kazi yake vizuri si mpangaji. Mchuma chai yuko hapo hapo.

Na si bahati mbaya. Serikali ya kikoloni iliijua hii tofauti kuliko sisi. Sheria ya ardhi ya 1915 iliwapa walowezi mikataba ya miaka 999. Miaka mitatu baadaye, sheria ya maskwota ya 1918 ikasema Mwafrika anayekaa kwa shamba la mlowezi afanye kazi siku zisizopungua 180 kwa mwaka. Walitaka awe kibarua, asiwe mpangaji. Yaani shamba moja, mmoja ana karne kumi kasoro mwaka, mwingine ana ruhusa. Na huyo wa ruhusa mara nyingi ndiye kogo zake walichunga hapo kabla chai haijaja. Waulize Watalai, waliofukuzwa mpaka Gwassi kuanzia 1934.

Katiba ya 2010, Kifungu cha 65, ilikata ile miaka 999 ya wasio raia ikawa 99. Sawa, tulishangilia. Lakini aliye kwenye nyumba za wafanyakazi hakuongezewa hata wiki.

Mwaka 2023 vijana wakachoma mashine za kuchuma chai huku Kericho, na wengi waliandika kwamba watu wanaogopa kukosa mshahara. Ni kweli, lakini nusu tu. Mashine ikichukua kazi yako, inachukua pia paa, shule ya karibu na ile mboga nyuma ya nyumba, siku moja.

Mimi ningetaka chama cha wafanyakazi wa mashamba kikienda kujadili mkataba, kipiganie siku za kuhama kama kinavyopigania bei ya kilo. Miaka 19 ya kazi izae angalau miezi kadhaa ya kukaa baada ya barua, na iandikwe. Najua mtaniambia kampuni hazitakubali. Haya, waambieni wakatae wazi, tusikie sababu.

Saa hii tunapanga vyumba viwili huko Litein. Hakuna mkataba, ni kodi ya kila mwezi tu, lakini Kifungu cha 57 cha ile Sheria ya Ardhi kinatuhesabu wapangaji wa mwezi kwa mwezi, na notisi yetu ni mwezi mzima. Nilipomweleza mama, alicheka sana. Mgeni wa juzi tu hapa, na tayari ana siku nyingi kuliko alizopewa kule.

Kama una karatasi yako ya nyumba ya kazi, nitumie picha, ufiche jina lako na la kampuni. Nitazisoma zote wiki hii.