Habari za Chama cha Mpira cha Fitzroy

Watu wengi hunena kwamba mchezo ni mchezo tu, na ya kuwa mwalimu ashindaye uwanjani pamoja na wanafunzi wake apoteza wakati. Sisi nasi tulikuwa karibu kuyakubali maneno hayo, mpaka alipokuja misioni kwetu mwalimu mgeni aliyezaliwa Melbourne, katika nchi ya Australia. Jioni, baada ya sala, alikuwa akitusimulia habari za chama cha mpira cha mtaa mmoja wa mji wao, jina lake Fitzroy. Tangu hapo tumezisoma habari hizo kila tulipopata nafasi, na leo twapenda kuwaeleza wasomaji wetu, kwa sababu ndani yake tumeona jambo lililotuhukumu sisi wenyewe.

Kwanza yafaa tueleze mchezo wenyewe, maana si ule tuujuao. Kanuni zake za kwanza ziliandikwa Melbourne mwaka 1859. Uwanja wake ni mkubwa sana, umbo lake kama yai, na kila upande huweka watu 18. Mpira wao si wa mviringo, bali umechongoka huku na huku. Mchezaji ana ruhusa kuudaka kwa mikono, kuupiga teke, au kumpelekea mwenziwe kwa kuupiga ngumi. Lakini kuutupa ni makosa, na akikimbia nao hana budi kuugusisha chini mara kwa mara. Kila upande wa goli imesimamishwa miti minne mirefu. Mpira uliopigwa teke ukipita kati ya ile miwili ya katikati, wapigaji hupata alama 6. Ukipita pembeni, hupata 1. Atazamaye kwa mara ya kwanza hudhani ni ghasia tupu, kumbe wana sheria zao na waamuzi wao.

Fitzroy ni mtaa ulio karibu kabisa na katikati ya mji wa Melbourne. Zamani zile ulikuwa mtaa wa wafanya kazi na maskini, nyumba zake zimebanana. Watu wake walikutana mwezi wa Septemba mwaka 1883 wakaunda chama, na mwaka uliofuata wakaanza kushindana na wengine. Uwanja wao ulikuwa Brunswick Street. Mwaka 1897, ushirika mpya wa vyama 8 vilivyo vikubwa ulipoanza mashindano yake, Fitzroy kilikuwa kimojawapo. Kikapata ubingwa mwaka 1898, kikaupata tena mwaka 1899, na kwa jumla kiliupata mara 8, mara ya mwisho mwaka 1944.

Katika mara hizo, moja ni ya ajabu. Mwaka 1916 vita kuu ilikuwa ikiendelea, na kwa ajili hiyo vyama 4 tu ndivyo vilivyocheza. Fitzroy kilimaliza mashindano ya kawaida kikiwa cha mwisho. Lakini kwa kuwa vyama vyote 4 viliingia katika michezo ya kumaliza, hata cha mwisho kilipewa nafasi. Nacho kikashinda, kikawa bingwa. Wasomaji wetu watakumbuka neno la Injili juu ya walio wa mwisho na walio wa kwanza.

Walakini jambo lililotugusa sisi si ubingwa. Lahusu mtu mmoja, jina lake Doug Nicholls. Alizaliwa mwaka 1906 Cummeragunja, kijiji walichotengewa watu wa asili wa Australia, kando ya mto Murray. Watu hao ni weusi, nao walikuwa katika nchi ile zamani sana kabla ya Wazungu kufika. Lakini wakati huo walidharauliwa katika nchi yao wenyewe. Nicholls alikuwa mfupi, futi 5 na inchi 2, ila mbio zake zilikuwa za ajabu. Alipokwenda kujaribiwa katika chama kingine kikubwa cha mji huo, hakupokewa. Yasimuliwa kwamba wakandaji wa chama walikataa kumkanda miguu kwa sababu ya rangi yake. Akaenda zake Northcote, chama cha daraja la chini yake, akacheza huko hata akasifiwa na wote. Ndipo mwaka 1932 akaingia Fitzroy.

Yasimuliwa kwamba siku za kwanza, katika chumba cha kubadilia nguo, alikaa peke yake pembeni, kama mtu aliyezoea kukataliwa. Katika chama kile alikuwako Haydn Bunton, mchezaji aliyejulikana kuliko wote. Mwaka uliotangulia alikuwa amepata nishani ya mchezaji bora, na baadaye aliipata tena mara mbili, mwaka 1932 na mwaka 1935. Bunton alipomwona yule mgeni pembeni, alichukua vitu vyake, akaenda akakaa karibu naye, akavaa nguo zake hapo. Hakutoa hotuba. Alihama kiti tu. Nicholls akacheza Fitzroy mpaka mwaka 1937, na mwaka 1935 alichaguliwa kulichezea jimbo zima la Victoria.

Hapo yatubidi tuungame jambo. Miaka michache iliyopita tulikuwa na mwanafunzi, mtoto wa wachoma makaa waliokaa msituni. Alikuwa hodari wa mpira, nasi tulimtia katika timu ya shule. Lakini nguo zake zilinuka moshi, na wenzake walipoketi ubaoni kungoja jezi walisogea mbali naye, wakacheka. Sisi tuliyaona hayo. Tulikuwa tukihesabu jezi, tukaendelea kuhesabu. Tulijiambia kwamba ni mambo ya watoto, yatakwisha yenyewe. Baada ya majuma matatu yule kijana hakuja tena uwanjani, na baadaye hakuja tena darasani. Tulipokwenda msituni kumtafuta tulikuta tanuri zimepoa. Wazazi wake wamehama, wala hakuna aliyejua walikokwenda. Tuliposikia habari ya Bunton na kile kiti, hatukuweza kulala upesi usiku ule.

Nicholls naye hakusahau. Alipoacha mpira alikuwa mchungaji katika mtaa ule ule wa Fitzroy, akiwahudumia watu wake waliokuja mjini bila kazi wala makao, na maisha yake yote aliwatetea mbele ya serikali. Mwaka 1972 alipewa heshima ya kuitwa Sir, wa kwanza katika watu wa asili, na mwaka 1976 akawa Gavana wa jimbo la South Australia. Alifariki mwaka 1988. Tangu mwaka 2016, mashindano makubwa ya mchezo ule yana wakati wake kila mwaka wa kuwaheshimu watu wa asili, nao huitwa kwa jina lake.

Na chama chenyewe kilikuwaje? Baada ya mwaka 1944 hakikupata tena ubingwa. Mwaka 1966 kilicheza mara ya mwisho Brunswick Street katika ushirika ule, na tangu hapo kikawa mpangaji katika viwanja vya wengine, leo hapa, kesho kule. Mchezo ukawa wa fedha nyingi, na chama cha mtaa mdogo hakikuweza kwenda sambamba na matajiri. Mwaka 1996 madeni yalikishinda. Msimamizi aliwekwa kwa ajili ya wadai, na timu ikaamriwa kuunganishwa na ile ya Brisbane, mji ulio mbali zaidi ya kilomita 1,300. Tarehe 25 Agosti kilicheza mara ya mwisho Melbourne, kikafungwa na Richmond kwa tofauti ya alama 151. Juma moja baadaye, tarehe 1 Septemba, kilifungwa huko Perth, na huo ukawa mwisho wake katika ushirika kilichosaidia kuuanzisha.

Timu iliyoungana, Brisbane Lions, ilipata ubingwa mwaka 2001, 2002 na 2003. Wapenzi wengine wa Fitzroy waliifuata wakafurahi. Wengine moyo haukukubali. Lakini chama chenyewe hakikufutwa. Watu wake walishika jina, wakangoja, na mwaka 2009 wakarudi kucheza katika ushirika wa wachezaji wasiolipwa, katika uwanja ule ule wa Brunswick Street. Wahenga wetu walisema: Mwenda tezi na omo, marejeo ni ngamani.

Twafikiri hivi. Ubingwa ulipita, uwanja ulitoka mikononi, timu ilichukuliwa kwa deni. Lililobaki ni watu waliokubali kukaa pamoja. Chama ni hicho, na shule pia ni hiyo. Hatusemi kwamba kitendo cha Bunton ndicho kilichookoa Fitzroy, maana miaka mingi ilipita katikati. Twasema tu kwamba kati ya habari zote za chama kile, kwetu hiyo ndiyo isiyochakaa.

Siku hizi, kabla ya kugawa jezi, kwanza twatazama ni nani aliyeketi peke yake. Akiwapo, twaweka daftari letu chini, twaenda kuketi karibu naye; na mara nyingi watoto wenyewe husogea. Ni jambo dogo, halitamrudisha yule kijana wa msituni. Lakini waalimu wenzetu, msingoje kama tulivyongoja sisi.