Nyangumi na Mafuta Kaskazini mwa Alaska

Utqiaġvik, mji ulioitwa Barrow hadi mwaka 2016, uko kwenye ncha ya kaskazini ya Alaska, nchini Marekani. Barafu ya bahari ianzapo kupasuka, wenyeji wake Wainupiat hutoka na mashua za ngozi ya sili kuwinda nyangumi, mnyama awezaye kufikia urefu wa futi 50. Nyama yake haiuzwi. Hugawanywa mji mzima.

Mwaka 1968 mafuta yalivumbuliwa Prudhoe Bay, upande wa mashariki, na mwaka 1977 bomba la maili 800 likaanza kuyapeleka kusini. Mwaka huo huo Tume ya Kimataifa ya Nyangumi ilikataza uwindaji ule, kisha ikaruhusu idadi ndogo sana, maana wataalamu walidhani nyangumi wamebaki wachache. Wawindaji walibisha, wakisema wengi hupita chini ya barafu, wasikoonekana na wahesabuji.

Basi serikali yao ya wilaya, iliyokuwa ikitoza kodi mitambo ya mafuta, ilitumia fedha hizo kugharimia hesabu mpya kwa vyombo vya kusikilizia sauti majini. Ikathibitika kwamba wawindaji walisema kweli. Ajabu ni kuwa mafuta hayo hayo, ambayo mitambo yake baharini huwafukuza nyangumi kwa makelele, ndiyo yaliyolipia utetezi wao.