Siku Niliyousugua Upanga wa Mume Wangu

Wenzangu mnalalamika waume zenu wamezidi mpira, wengine baa. Mwenzenu nimeolewa na mwanaume anayependa chuma. Anakusanya panga za kivita za Marekani, tena zile za zamani kabisa, tangu walipopigana na Mwingereza kudai uhuru mpaka miaka ya 1830 hivi. Mimi ni mtoto wa Dar, Upanga kwangu ulikuwa ni mtaa tu. Nilipompigia mama simu kumweleza mambo ya mkwewe, aliniuliza, "Mapanga? Kwani ana shamba?" Tukacheka weee!

Tukiwa bado wachumba, mwaka 2009, alinipeleka Washington. Mimi nikajua tunakwenda kula vizuri na kupiga picha. Tukaishia kwenye jumba la makumbusho la Smithsonian, tumesimama mbele ya upanga aliouvaa George Washington vitani, una mpini wa pembe ya ndovu uliotiwa rangi ya kijani, kazi ya fundi mmoja mhamiaji kutoka Uingereza aliyeitwa John Bailey. Akanisimulia kwamba Washington, aliyefariki mwaka 1799, aliacha wosia kuwa vijana watano, watoto wa ndugu zake, kila mmoja achague upanga mmoja katika panga zake. Sharti lake, wasiuchomoe kumwaga damu ila kwa kujilinda au kuitetea nchi. Jamani, mwanaume akisimulia kitu huku macho yanamng'aa namna ile, unafanyaje? Nikayeyuka. Mwaka uliofuata tukaoana.

Tunaishi Connecticut, na hapo ndipo balaa lilipo, maana mji wa Middletown uko huku huku. Mwaka 1798 Marekani ilikuwa nchi changa inayohofia vita na Ufaransa, na serikali ikampa fundi wa Middletown, Nathan Starr, mkataba wa kutengeneza panga 2,000 za askari wa farasi. Maofisa walijinunulia zao wenyewe, na bapa nyingi zilitoka Solingen kule Ujerumani au Birmingham, Uingereza. Ukishaweka kichwa cha tai kwenye mpini, basi, imeshakuwa ya Kimarekani! Nilifurahi kusikia hivyo. Kumbe hata wakubwa hawa walianza kwa kuagiza nje. Vita na Uingereza ilipoanza tena mwaka 1812, Starr akapata mikataba mingine, na ni upanga wa wakati huo ulioleta kizaazaa nyumbani kwangu.

Mwaka 2017 tulikuwa tunadunduliza hela ya kupaua nyumba yetu ya Kibaha. Siku hiyo natafuta shuka kabatini, mkono ukagusa kitu kigumu chini ya mashati yake. Upanga. Na risiti yake hiyo hapo, dola 1,400. Fedha za bati zangu! Sikupiga kelele, nilinuna. Siku tatu ndani ya nyumba ni "chakula mezani" na "asante" basi. Ya nne akaomba radhi, akaahidi kurudisha kidogo kidogo kutoka kwenye mshahara wake.

Siku ya kumbukumbu ya ndoa yetu ilipofika, mimi mke mwema nikasema ugomvi huu nitaumaliza kwa vitendo. Kile kitu kilikuwa cheusi, kimejaa madoa kama sufuria la ubwabwa wa msibani. Yeye kazini. Nikachukua limau, chumvi na waya wa kusugulia masufuria, nikaketi jikoni. Saa mbili nzima nimemaliza upande mmoja tu, lakini unang'aa kama kioo, unaweza kupakia wanja!

Akarudi. Hakufoka. Alikaa chini kwenye sakafu ya jikoni, akaugeuza huku na huku, akaniuliza kwa sauti ndogo, "Umetumia nini?"

Hapo ndipo nilipojua kuwa ule weusi si uchafu. Ni ngozi ambayo chuma hujijengea kwa miaka 200, na ndiyo inayomwambia mkusanyaji kuwa kitu hiki ni cha kweli. Na karibu na mpini palikuwa na alama ndogo: N. STARR, herufi US, na herufi za mkaguzi wa serikali aliyeupima na kuupitisha. Watu hutoa fedha kwa ajili ya alama hizo. Na upande nilioanza kuusugua ndio uliokuwa nazo. Sasa ukipitisha kidole huzisikii.

Nikalia. Halafu nikakasirika kwa nini ninalia, nikamwambia, "Na paa langu je?" Tulizungumza mpaka saa saba usiku. Nikamuuliza kwa nini alificha, mbona angeniambia tu. Akanyamaza, halafu akasema neno moja kwa Kiswahili chake kibovu: "Mapanga." Miaka saba nilikuwa nacheka na mama kwenye simu nikidhani haelewi. Alikuwa anaelewa. Yaani niliona aibu ambayo hata limau halikuniletea.

Siku hizi hakuna kununua kitu cha zaidi ya dola 200 bila kuambizana, mimi na viatu vyangu nikiwemo. Na mimi nikaanza kusoma kitabu chake cha Harold Peterson, The American Sword, cha mwaka 1954, kinacholala upande wake wa kitanda. Sasa najua kuvaa glavu za pamba kwa sababu jasho la mkono linaleta kutu. Najua upanga haukai siku zote ndani ya ala ya ngozi, kwani ngozi hushika unyevu. Kitambaa laini, mafuta kidogo, imetosha. Najua pia kuwa upanga mfupi wa askari wa mizinga wa mwaka 1832, uliotengenezwa na kampuni ya Ames ya Massachusetts, uliigwa kwa Wafaransa, nao waliiga kwa Warumi, na askari waliupata faida zaidi katika kufyeka vichaka. Nilimpigia mama kumwambia hakukosea sana. Safari hii simu niliiweka sauti kubwa, tukacheka watatu.

Nyumba ya Kibaha ilipauliwa mwaka 2019. Upanga wa Starr hakuuza, ingawa nilimshauri. Ameutundika sebuleni, upande wangu unaong'aa ukiangalia ukuta. Mama alipokuja kututembelea mwaka jana aliutazama sana, akapanda kiti, akaugeuza.

"Upande mzuri huu mnauficha wa nini?"