Maktaba Hai

Mwaka wa 1941, mwandishi wa Argentina aitwaye Jorge Luis Borges alichapisha hadithi fupi kuhusu maktaba ambayo ndiyo ulimwengu wenyewe. Tukiitafsiri anwani yake, tutaiita "Maktaba ya Babeli". Kila kitabu humo kina kurasa 410, kila ukurasa una mistari 40, na kila mstari una herufi zipatazo 80. Alama zinazotumiwa kuandikia ni 25 pekee: herufi 22, nukta, mkato na nafasi tupu. Vitabu vyote vinavyoweza kupatikana kwa kuzichanganya alama hizo vimo. Ukiikokotoa idadi yake, utapata namba yenye tarakimu zaidi ya 1,800,000.

Hebu fikiria maana yake, mwanafunzi mpenzi. Katika maktaba hiyo kuna kitabu kinachosimulia maisha yako tangu kuzaliwa hadi kufa. Kuna kingine ambamo ulizaliwa kifungua mimba badala ya kitinda mimba, na kingine ambamo wazazi wako hawakukutana kamwe. Kila ulimwengu unaowezekana umeandikwa. Nilipoisoma hadithi hii mara ya kwanza, nilitamani kuingia humo.

Nilipoirudia, niliuona uchungu wake. Vitabu karibu vyote humo ni mchafuko wa herufi usio na maana, na wengi wa wasimamizi hukata tamaa wakitafuta angalau sentensi moja ya kweli. Maktaba ina kila kitu, lakini haimwambii mtu chochote. Borges mwenyewe aliijua kazi ya maktaba. Mwaka wa 1955 aliteuliwa kuwa mkurugenzi wa Maktaba ya Kitaifa jijini Buenos Aires, wakati ambapo macho yake hayakuweza tena kusoma. Ilibidi asomewe na wengine. Vitabu vilimzunguka pande zote, lakini vilihitaji sauti ya mtu ili vimfikie.

Hapo ndipo nilipomkumbuka nyanya yangu. Hakujua kusoma, lakini alikuwa na ngano ya msichana aliyemezwa na zimwi. Nimeisikia mara nyingi, na sikumbuki ikifanana mara mbili. Mwaka wa ukame, zimwi lilikuwa limekimeza kisima kwanza. Ndugu zangu walipogombana, msichana aliokolewa na kaka aliyekuwa amekosana naye. Dada yangu alipokaribia kwenda shule ya bweni, hakuokolewa na mtu: alilipasua tumbo la zimwi kwa kisu cha kukatia mboga, akatoka mwenyewe. Dada yangu hakuambiwa kwamba ngano hiyo ilikuwa yake. Alijua.

Nyanya alikuwa na malimwengu mengi ya ngano hiyo moja, lakini kila jioni alitutolea mmoja tu. Alitutazama, akaona tunachohitaji, akachagua. Katika somo la fasihi simulizi unafundishwa kwamba utanzu huu hubadilika kulingana na fanani, hadhira na wakati. Watahiniwa wengi huiandika hoja hiyo bila kuitolea mfano. Sasa unao.

Nyanya ameshafariki. Binamu yangu alikuwa amemrekodi kwa simu akiisimulia ngano hiyo, nasi huisikiliza tunapokutana nyumbani. Tunaithamini sana rekodi hiyo. Hata hivyo, ndani yake msichana huokolewa na kaka yake kila mara, kwa maneno yale yale. Msichana mwenye kisu hayumo. Anaishi kwa dada yangu, ambaye sasa huwasimulia wanawe.

Amadou Hampâté Bâ wa Mali, akizungumza katika UNESCO mwaka wa 1960, alilinganisha kifo cha mzee mwenye mapokeo na kuteketea kwa maktaba. Mimi naongeza jambo moja. Maktaba ya vitabu ikiteketea, tunapoteza kilichoandikwa. Fanani akifa, tunapoteza pia masimulizi ambayo hakuwa ameyatunga bado, yale ambayo angeyatoa siku ambayo sisi tungeyahitaji.

Kwa hiyo ukitumwa nyanjani kukusanya ngano, usitosheke na kurekodi sauti. Andika ngano ilisimuliwa wapi, lini, na nani, na mbele ya nani. Andika hadhira ilipocheka, ilipoitikia wimbo na ilipouliza swali. Kisha rudi siku nyingine uombe ngano ile ile. Tofauti utakazoziona ndizo zitakazokuonyesha fanani akichagua.

Jambo hili linahusu pia kitabu chako teule. Mwongozo huu una muhtasari, maudhui, wahusika na mbinu za uandishi. Hiyo ni rafu. Mtahini anapokupa dondoo na kukutaka ueleze muktadha wake, anataka kujua kama ulikuwepo mhusika alipoyatamka maneno hayo: nani alikuwa akimsikiliza, na kwa nini aliyasema wakati huo. Hilo hulijui kwa kukariri rafu. Soma kitabu chenyewe, kisha msimulie mwenzako sura moja bila kukitazama. Utakapoanza kuamua lipi litangulie na lipi liachwe, utakuwa umeanza kukielewa.

Zoezi

1. Kwa kurejelea ngano ya zimwi katika insha hii, fafanua sababu tatu zinazofanya fasihi simulizi ibadilike. (alama 6)
2. Eleza faida mbili na udhaifu mmoja wa kuhifadhi ngano kwa kurekodi sauti. (alama 6)
3. Mwombe mzee wa jamii yako akusimulie ngano moja mara mbili, katika siku tofauti. Linganisha masimulizi hayo mawili. (alama 8)