Nilivyoyapoteza Marudio ya Watu

Naungama mbele ya wenye makarasha, mashine za kusaga mawe ya dhahabu, na mialo, sehemu za kuoshea unga wake, wa Rwamgasa, mkoani Geita: niliwapotosha.

Waliniita niwasomee mkataba ulioandikwa kwa Kiingereza. Mimi ni mwalimu wa somo hilo, natokea Kahama, na walikuwa wamenisikia nikikizungumza. Kifungu kimoja kilimpa mnunuzi haki ya kuchukua "tailings" zote. Nililitamka neno lile inavyopasa, teilingzi, bila kusita, na wala sikuwa nikilijua. Mama mmoja mwenye karasha akauliza, "Mwalimu, ndiyo nini hiyo?" Nikaona ndani yake kuna neno la mkia, nikakisia. "Ni masalia tu, mama. Udongo usio na kazi." Wakatia saini.

Maana yake ni marudio. Hakuna mtu aliyekaa pale asiyejua marudio ni nini. Mawe ya duarani, yaani shimoni, yakishasagwa, unga ukaoshwa mwaloni na dhahabu ikakamatwa kwa zebaki, mara nyingi kinachopatikana hakifiki nusu. Dhahabu nyingine inabaki kwenye udongo ule uliooshwa, nao ndio marudio. Mwenye mtaji huuloweka katika vati kwa sianidi, kaboni ikainasa dhahabu, kisha kaboni ikapelekwa elusheni, kwenye mtambo wa kuitoa dhahabu ndani yake. Ndiyo maana marudio huuzwa, hugombewa na hulindwa usiku.

Ningekiri tu kwamba neno silijui, nikasema linaelekea kuwa kile kinachobaki baada ya kuosha, yule mama angelitaja mwenyewe. Lakini kwetu anayetamka Kiingereza sawasawa huaminiwa kwamba anajua anachokisema, nami niliipenda imani hiyo kuliko haki yao. Kamusi nilikuwa nayo nyumbani. Wachenjuaji walikuwa hatua chache kutoka tulipoketi. Sikuuliza popote.

Malori yalipokuja kuzoa malundo ndipo walipoelewa. Nilirudi, nikawaeleza nilichofanya. Wapo walionisamehe. Yule mama hajanisamehe, na ana haki.

Mwaka 2021 Bunge lilikifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na ya mahakama, ila machimboni mikataba mingine bado inaletwa kwa Kiingereza. Ukiletewa wa namna hiyo, dai nakala ya Kiswahili kabla ya kutia saini. Na ukiwa mwalimu kama mimi, ukakutana na neno usilolijua, waambie wenye mali palepale kwamba hulijui.