Nyambizi, Sheikh na tiki moja

Najua nimepotea hapa karibu wiki tatu, na kuna mmoja wenu alinikamata kwenye foleni ya msosi akaniuliza kama nimedisko. Sijadisko (bado, hehehe). Ni majaribio tu yalibanana. Leo Jumapili, umeme upo, desa nimeliweka pembeni, ngoja niwape kisa cha chumbani kwetu.

Mnajua mimi ni mtu wa Tabora. Bahari nimeiona kwa macho nilipokuja kuripoti mwaka wa kwanza, na mpaka leo maji yakifika kiunoni nageuza. Lakini sinema za nyambizi ni ugonjwa wangu tangu darasa la sita. Kibanda umiza cha mtaani kwetu kilionyesha The Hunt for Red October, ile ya mwaka 1990 ya Sean Connery, na DJ anatafsiri juu kwa juu, DJ ambaye nina hakika naye alikuwa haelewi kinachoendelea. Alituambia jamaa wanatoroka na shehena ya dhahabu. Nilipokuja kuiangalia mwenyewe baadaye nikakuta hakuna dhahabu yoyote. Ni kapteni wa Kisovieti anataka kuhamia Marekani na nyambizi mpya isiyosikika, na pande zote mbili zinamsaka. Nilisikitika kidogo. Ile ya DJ nayo ilikuwa nzuri.

Basi muhula huu nikaanzisha utaratibu. Kila Ijumaa usiku, laptop juu ya ndoo iliyogeuzwa, watu sita kwenye vitanda viwili (wanne wenye chumba na wawili wa kubebwa), nyambizi tu. Wengine walilalamika, lakini laptop ni yangu.

Kinachonivuta ni kwamba ile ni vita ya kusikiliza. Nyambizi ya kivita haina dirisha. Kwenye maji sauti inasafiri kama mita 1,500 kwa sekunde, zaidi ya mara nne ya hewani, kwa hiyo masikio ndiyo macho. Ile sona inayolia "ping! ping!" kila dakika kwenye sinema ni chumvi tu. Ukweli ni kwamba nyambizi vitani hunyamaza na kutega sikio, maana ukipiga ping umejitangaza. Ni kama mtu anayewasha tochi gizani kumtafuta mwizi: utamwona, lakini yeye kakuona mapema zaidi. Wafaransa wamelionyesha hili vizuri kwenye Le Chant du loup ya mwaka 2019, ambamo mhusika mkuu ni kijana ambaye kazi yake ni masikio, na kosa lake moja la kusikia linaleta balaa. Itafuteni. Sisemi zaidi.

Iliyogawanya chumba ni Crimson Tide (1995). Denzel Washington na marehemu Gene Hackman wako kwenye nyambizi yenye makombora ya nyuklia. Amri ya kurusha imeshafika. Halafu unaingia ujumbe mwingine, unakatika katikati, mawasiliano yanakufa. Hackman anasema amri kamili ya mwisho ndiyo amri. Denzel anasema tusubiri tujue ule wa pili unasema nini. Jamaa yetu wa sheria alisimama juu ya kitanda kumtetea Hackman, mpaka majirani wakagonga ukuta. Mimi nilikuwa upande wa Denzel. Jeshi la majini la Marekani liligoma kuisaidia sinema ile kwa sababu ya ule uasi wa ndani ya chombo, na mwishoni yanatokea maandishi kwamba kuanzia Januari 1996 makapteni wa nyambizi hawatakuwa tena na mamlaka kuu ya kurusha.

Nikawapa na ya kweli. Tarehe 27 Oktoba 1962, wakati wa mgogoro wa Kuba, nyambizi ya Kisovieti B-59 ilibanwa na meli za Marekani zilizokuwa zinadondosha mabomu madogo ya kuilazimisha iibuke. Ndani joto kali, hewa mbovu, hawana mawasiliano na Moscow, na wana topido moja ya nyuklia ambayo Wamarekani hawaijui. Kwa masimulizi ya waliokuwemo, kapteni alitaka kuipiga. Ofisa mmoja, Vasili Arkhipov, akakataa, wakaibuka. Chumba kikanyamaza. Nilijiona profesa.

Ndipo Sheikh, mwenzetu wa Pemba, alipofungua mdomo kwa mara ya kwanza usiku ule. "Na wale wa injini, wao waliambiwa nini?"

Tukacheka. Tulidhani anatania.

Sheikh anasoma uinjinia, mtu wa maneno machache, na baba yake ni fundi wa injini kwenye meli ndogo za mizigo: Zanzibar, Mombasa, bandari za Somalia, mpaka Omani. Aliwahi kunisimulia kwamba mtu wa chini haoni kitu. Anajua kinachoendelea juu kwa kengele, na kwa jinsi sakafu inavyolala. Ndiyo maana kila sinema alikuwa anawatafuta wale wa nyuma wenye grisi. Tulipoangalia K-19: The Widowmaker (2002) chipsi zake zilipoa. Ile inatokana na ajali ya kweli ya tarehe 4 Julai 1961: mfumo wa kupoza kinu cha nyuklia ulikufa, mabaharia wakaingia mle ndani kuunga mabomba mapya bila nguo za kuwakinga. Wanane walifariki ndani ya wiki tatu. Na mnajua nani alikuwemo kama msaidizi wa kapteni? Arkhipov yuleyule, mwaka mmoja kabla ya Kuba. Mimi niliichukulia kama stori tamu. Sheikh alikaa anatazama mabomba.

Sasa Ijumaa ya juzi ilikuwa zamu ya Kursk, ya mwaka 2018. Sheikh akaniambia, "Kaka, leo tuwekee vichekesho." Nikamjibu ratiba ni ratiba. Hakubisha.

Kama hamuijui: tarehe 12 Agosti 2000 nyambizi Kursk ya Urusi ililipuka kwenye mazoezi huko Bahari ya Barents. Watu 118, hakuna aliyepona. Lakini 23 hawakufa papo hapo. Walijikusanya sehemu ya nyuma kabisa, chumba cha tisa, na ofisa Dmitri Kolesnikov akaandika majina yao gizani. Juu huko wakubwa wanasitasita kupokea msaada wa nje. Kwenye sinema wanagonga chuma ili wasikike, na wake zao wako ukumbini wanapigwa maneno ya kisiasa.

Ilipofika pale pa kugonga, Sheikh akavaa ndala akatoka. Nilidhani anakwenda chooni. Sinema ikaisha, hajarudi.

Nikamkuta kwenye kimbweta, peke yake, simu mkononi. Akanigeuzia kioo. "Shikamoo baba, mmefika?" Tiki moja. Siku tisa. Meli ilitoka Mombasa, hakuna aliyeisikia, na wakala anasema tu subirini. Kila jioni mama yake anapiga kutoka Pemba, na yeye anamjibu ni mtandao tu huo, mama.

Nikasema samahani.

"Hukujua," akasema.

Sikujua kwa sababu sikuuliza. Siku tisa tunalala mita moja mimi na yeye, nazungumzia ujumbe uliokatika kama vile ni fumbo la mtihani. Tulikaa pale mpaka adhana ya alfajiri, akaenda kuswali, mimi nikabaki na mbu wangu.

Jumanne, katikati ya lekcha, simu yake ikatetemeka. Namba ngeni, ya Omani. Akatoka mbio bila kuomba ruhusa, mwalimu kabaki kashika chaki. Nikamfuata. Alikuwa amechuchumaa kwenye korido, anasema "marahaba yako naisikia, baba, naisikia" mara nne tano. Mashine ilizima wakiwa baharini, wamehangaika nayo siku mbili, simu ya mzee ikaingia maji, sasa wako Salalah. Alipokata akaniuliza wamefika ukurasa gani wa desa, akarudi ndani.

Ule ujumbe mpaka leo una tiki moja, maana simu ilishakufa. Anasema hataufuta.

Ijumaa hii nimemwachia laptop achague mwenyewe. Nilijua ni vichekesho. Kachagua Das Boot ya mwaka 1981, ya vita kuu ya pili, kwa sababu kasikia kuna fundi wa injini anayepewa nafasi ya kutosha. Ni ndefu hiyo, wadau. Ndoo ni ileile, mje na karanga zenu.